Jumapili ya Kubariki Vifaa

Mbele yangu kwenye foleni alisimama Wathome, dereva wa lori, amekumbatia usukani. Usukani mzima, aliokuwa ameufungua kwa spana asubuhi ileile, bado umevaa kifuniko cha uzi alichofumiwa na mkewe ili usimteleze mikononi. Nyuma yangu Mama Marion aliinua kifimbo cha kusukumia chapati juu ya kichwa, kana kwamba anaongoza kwaya. Foleni ilisonga polepole kuelekea madhabahuni, kinanda kikilia, mabati ya kanisa yakialika kwa jua, na kila mtu alikuwa ameshika kitu. Mimi peke yangu sikuwa nimeshika chochote. Mkasi niliopewa na mama nilikuwa nimeuacha kwenye benchi, chini ya kitabu cha nyimbo, na nilijua bila kugeuka kwamba ameshauona.

Kila mwaka, Jumapili inayofuata sikukuu ya wafanyakazi, kanisa letu la Makongeni hubariki kazi. Desturi hiyo aliianzisha Mchungaji Nzivo kabla mimi sijajua kusoma, na watu wameipenda kuliko Krismasi. Kila mwenye kazi huja na kifaa chake kuombewa. Karani huja na muhuri wake, fundi bomba na koleo lake, mshonaji na cherehani inayobebwa na vijana wawili. Mwaka fulani mlinzi mmoja alikuja na mbwa wa kampuni. Mbwa alikaa kitako mbele ya madhabahu, akafumba macho wakati wa sala, akabarikiwa, na hadi leo wapo wanaosema kwamba alikuwa mtulivu kuliko mashemasi.

Lakini kabla ya wenye vifaa kuitwa, Mchungaji huwaomba wasio na kazi wasimame pale walipo ili wao nao waombewe. Hapo ndipo mimi nilipokuwa nikipata taabu. Mwaka uliotangulia, alipowaita, nilijiinua nusu. Mama akanivuta gauni.

"Kaa chini. Wewe una kazi."

Nikakaa. Baada ya muda wakaitwa wenye vifaa, nami nikajiinua tena. Mama akanivuta gauni mara ya pili.

"Kaa chini. Utabeba nini?"

Basi wasio na kazi walisimama, wenye kazi wakaenda mbele, na katikati ya mabenchi matupu nikabaki mimi na watoto wanaonyonya. Mmoja wao alinitazama kwa muda mrefu, akacheua.

Mama yangu anaitwa Kathini, na tangu nipate akili amekuwa akipiga msasa vinyago katika karakana ya wachongaji kule Gikomba. Wanaume wa kwetu Ukambani huchonga kwa tezo, wanawake hulainisha. Kifaru humfikia mama akiwa na makovu mwili mzima, naye humweka magotini, akaanza na msasa mkali, akamalizia na ule laini, kisha rangi ya viatu, kisha kitambaa. Mwisho kabisa huja kidole gumba cha mkono wa kulia. Hicho hupita juu ya mti taratibu, macho yakiwa kwingine, kikitafuta mahali palipobaki na ukali. Kikipapata, msasa unarudi.

Kidole hicho hakijui likizo. Hupita juu ya vikombe, juu ya mabenchi ya kanisa, juu ya paji la uso langu nikiwa na homa. Tulipokwenda kumposea kaka yangu, wazee wakiwa katikati ya maneno mazito, mama alipitisha kidole chini ya ukingo wa meza mpya ya wenyeji, akatikisa kichwa, akasema kwa sauti, "Hii haijaisha." Posa nusura iharibike. Mpaka leo wakwe wa kaka yangu wakituona tunakuja hutandika vitambaa kila mahali.

Kazi yangu ilizaliwa kwenye mikono hiyo. Nilikuwa nimemaliza chuo, nimesomea uhasibu ambao haukunitaka wala mimi sikuutaka, niko nyumbani nikihesabu paka wanaopita juu ya ukuta. Jioni moja stima zilipotea, tukakaa na mshumaa, mama akinisimulia habari za shosho, mama yake mzazi. Hakuwa na kinyago. Hakuwa na msasa. Lakini kila alipoingia ndani ya hadithi, mikono yake ilianza kulainisha kitu kisichokuwepo magotini pake. Nilimtazama hadi nikakiona: twiga, aliyelala ubavu, shingo ikielekea dirishani. Nikaweka mikono yangu kama yake, nikaanza kumpiga msasa twiga wangu. Mama alipogundua tunafanya nini, alicheka hadi akazima mshumaa.

Kuanzia hapo nikawa mtu wa kutazama mikono. Nilikwenda Mukuru kwa Reuben alfajiri, nikasimama na vibarua wanaongojea kuchaguliwa kwenye malango ya viwanda, kwa sababu hata mkono unaongojea una namna yake. Nilikaa na wasuka vikapu, na makondakta, na mwanamke mmoja anayetoboa masikio. Nikishajifunza mikono ya mtu hadi niweze kuifanya bila kifaa chake, nasimama mbele ya watu, uwanjani au katika jumba la sanaa kule mjini, nakunja mikono ya shati, naifanya. Basi. Hakuna maneno, hakuna muziki. Kuna wanaocheka, kuna wanaolia, na daima yupo mmoja ambaye nikimaliza huuliza onyesho linaanza saa ngapi.

Sasa kazi kama hiyo utaiitaje mbele ya akina mama wa kanisa? Nilimwambia mama aseme "msanii". Akasema msanii ni yule anayeimba, na siku hizi pia ni jina la tapeli. Nikamwambia aseme "mwigizaji". Akaniuliza kwa nini basi hawanioni kwenye runinga. Alifikiri juma zima, na mama akifikiri usimsemeshe, kisha akapata jawabu lake. Watu wakimuuliza binti yake Mwelu anafanya nini, alisema, "Kazi ya mikono."

Hakuwa amesema uongo hata kidogo. Ila Makongeni nzima inajua kwamba mwenye kazi ya mikono ni fundi, na fundi kazi yake ni kutengeneza vitu. Wa kwanza kuja alikuwa jirani yetu Wekulo, na jiko la mafuta ambalo tambi zake zilikataa kupanda. Nikamweleza kwamba mimi si fundi wa majiko. Akanitazama kwa huruma.

"Lakini mathe wako alisema we ni wa kazi ya mikono," akasema. "Ama hii si mkono itaguza?"

Nikalichukua jiko, nikajaribu. Nyusi zangu zilichukua miezi kuota tena. Baada yake ikaja redio, ikaja viatu vilivyoachana na soli, akaja bibi harusi na shangazi zake wakitaka kusukwa. Kila niliyemrudisha alikwenda na maneno, na maneno yalimfikia mama. Watu walianza kusema kwamba binti ya Kathini ni fundi mvivu. Mama alikuwa tayari kuvumilia mengi, lakini mvivu, katika nyumba yetu, ni tusi linaloshinda mwizi.

Ndipo akaamua mambo yaishe. Alimwambia Mchungaji kwamba mwaka huu Mwelu atakwenda mbele na wenye kazi. Alitangaza pia kwa wenzake wa karakana, kina Ndanu, ambao hukaa benchi moja naye na hawasahau neno. Jumamosi jioni akaingia chumbani na mkasi mkubwa wa kushonea, aliouazima kwa mshonaji wa mtaa wa pili, akauweka kitandani pangu.

"Kesho utabeba huu," akasema. "Kushona ni kazi ya mikono."

"Mwaitu, mimi sijui kushona."

"Nani atakuambia ushone kanisani?"

Hakuwa na hasira. Alikuwa amechoka, na alikuwa na haya kuniomba, na haya hiyo ndiyo iliyoniuma. Ninampenda mama yangu. Nikauchukua mkasi, nikamwambia sawa, na akapitisha kidole chake juu ya mpini wake kabla hajatoka, kuona kama utanichubua.

Asubuhi nikawa nao magotini wakati wote wa nyimbo. Ulikuwa mzito, makali yake yamesagika, na harufu ya mafuta ya cherehani. Mchungaji alipowaita wasio na kazi, sikujiinua, na mama akanitazama kwa furaha ambayo sikuwa nimeiona siku nyingi. Kisha wenye vifaa wakaitwa. Watu wakainuka na mizigo yao, mabenchi yakalia, na papo hapo nikaona ninachokwenda kufanya. Nitaombewa ushonaji. Mungu, ambaye hana mchezo na sala za Mchungaji Nzivo, ataubariki, na Jumatatu nitaletewa kitambaa. Na ile yangu, niliyoamka alfajiri kwa ajili yake, niliyoungua nyusi kwa ajili ya jina lake, itabaki pale benchini na watoto. Niliitaka baraka. Niliitaka kwa kazi yangu mwenyewe, na niliitaka mbele ya mama. Nikautelezesha mkasi chini ya kitabu cha nyimbo, nikaingia kwenye foleni.

Sala za Mchungaji Nzivo ni fupi siku hiyo, kwa sababu watu ni wengi na pilau ya baadaye haingoji. Huweka kiganja juu ya kifaa, husema maneno machache, huita anayefuata. Alipoufikia usukani alisita.

"Na lori, Wathome?"

"Liko nje, Mchungaji. Haliendi mahali."

Kanisa likacheka, usukani ukabarikiwa, Wathome akasogea kando akiubeba kama mtoto aliyebatizwa. Ikabaki zamu yangu. Mchungaji akanyoosha kiganja chake hewani, akatafuta kifaa cha kukiweka, hakukipata.

"Mwelu. Umeleta nini?"

"Mikono, Mchungaji."

Akainama kidogo, akashusha sauti ili asiniaibishe. Ni mtu mwema. "Mama yako alisema utakuja na kifaa. Wasio na kazi tumeshawaombea, mwanangu."

"Najua. Mimi ninayo. Naomba nikuonyeshe."

Mpiga kinanda alinyamaza, si kwa heshima, bali kwa umbea. Nikageuka nikawatazama watu. Katika majumba ya sanaa huwa hawanijui; hapa kila jicho lilinijua. Nikakunja mikono ya gauni, nikaanza na aliye karibu.

Nikakaa juu ya kiti kisichokuwepo. Mkono wa kulia nikautoa dirishani, nikapiga bodi la mlango mara mbili, kama afanyavyo Wathome kila anapoingia mtaani. Mkono wa kushoto ukaishika gia, ukaisukuma, ukarudi kujipangusa pajani, ukaishika tena. Nikafika kwenye tuta la pale kona ya shule, lile ambalo Wathome hulisahau kila siku, nikaruka kitini na kushika kofia. Kicheko kilianzia kwa mkewe. Kilipomfikia Wathome mwenyewe, alikuwa ameubana usukani kifuani, machozi yakimtoka, akiwaambia waliokuwa karibu kwamba tuta lile halina alama.

Nikaenda kwa Mama Marion, nikasukuma chapati, nikaizungusha robo kwa ncha za vidole, nikajifuta unga kwa kiwiko kwa sababu viganja vina kazi. Watoto walianza kunyoosha mikono wakidai. Kisha nikamtafuta Patrobas. Alikuwa kwenye foleni na glavu zake za ngozi, mtu mkubwa, mkimya, anayetoa vyuma kwenye tanuri katika kiwanda kimoja Baba Dogo. Nilikuwa nimemtazama siku nyingi kupitia uzio. Nikashika koleo refu, na kabla sijafungua mlango wa tanuri nikageuza uso pembeni, kidevu kikaingia begani, jicho moja likabaki wazi. Nikavuta. Nikabeba. Nikaweka. Nikageuza uso tena. Hakuna aliyecheka sasa. Mke wa Patrobas, ambaye hajawahi kuruhusiwa kupita lango la kiwanda kile, alitoka kwenye benchi lake akaja hadi katikati ya kanisa ili aone vizuri. Patrobas alimwangalia mkewe akiangalia, akazivua glavu, akazishika kwa mkono mmoja.

Hali ilikuwa nzito mno, na mimi si mtu wa kuacha kanisa katika hali nzito. Nikamgeukia Mchungaji. Nikavaa miwani isiyokuwepo, nikaivua, nikaipangusa kwa tai, nikaivaa. Nikafungua Biblia, nikalamba kidole, nikapekua mbele, nikapekua nyuma, nikaacha kupekua, nikafumba macho na kulisoma andiko kwa ghaibu huku kidole kikifuata mstari ambao sikuuona. Mabati yalitikisika. Mashemasi wenyewe walishikana mabega. Mchungaji Nzivo alisimama kinywa wazi, mkono wake ukiwa tayari umeshakwenda kwenye miwani, na alipouona umekwenda wapi akaangua kicheko ambacho hakikuwa cha kichungaji hata kidogo.

Akabaki mmoja.

Sikuwa nimewahi kumfanya mama mbele ya watu. Nilikuwa nimeogopa kwamba ataniona ninamkejeli, au kwamba nitakosea na yeye atajua. Nikaketi sakafuni na gauni langu la Jumapili, nikamweka kifaru magotini. Nikaanza mgongoni, kwa msasa mkali, mabega yakifanya kazi. Nikapuliza vumbi. Nikaingia kwenye mikunjo ya shingo kwa msasa uliokunjwa, nikazunguka pembe. Nikatia rangi ya viatu, nikasugua kwa kitambaa. Halafu nikainua macho, nikayapeleka dirishani, nikaacha kidole gumba kitembee chenyewe. Kilishuka ubavuni, kikapanda nyonga, kikasimama. Kikarudi nyuma kidogo. Kikasimama palepale.

Kwenye benchi la mama wanawake wa karakana wote walikuwa wameinua mikono yao bila kujua, na vidole gumba vyao vilikuwa vimesimama pamoja na changu. Ndanu ndiye aliyepiga kigelegele cha kwanza. Vilivyofuata sikuvihesabu, kwa sababu nilikuwa namtafuta mama. Alikuwa ameinamisha kichwa. Kitabu cha nyimbo kilikuwa kifuani pake, na mkasi ulikuwa juu ya benchi, wazi kwa kila mtu kuuona. Sikuweza kujua kama analia au ana hasira, na furaha yangu yote ikaning'inia hapo.

Mchungaji akaninyanyua kutoka sakafuni. Akaishika mikono yangu miwili, akaigeuza viganja juu, akavitazama kana kwamba kuna maandishi.

"Bwana," akasema mwishoni, "ibariki kazi hii. Wewe unalijua jina lake."

Watu wakaitika amina, na amina ile niliisikia hadi kwenye meno. Mama Marion akanipisha, akaweka kifimbo chake mbele, na ibada ikaendelea.

Baada ya pilau nilitembea na mama kurudi nyumbani. Wathome alikuwa bado nje ya kanisa, amelala chali ndani ya lori chini ya usukani, akitafuta nati moja iliyokuwa imepotea, na watu wakimpa ushauri. Mama alimsalimu, akawasalimu wengine, akacheka palipostahili, akanitangulia. Mkasi aliutia kwenye mkoba. Nilijaribu kumwomba radhi kwa ajili ya mkasi, akasema utarudishwa kwa mwenyewe kesho. Nikamuuliza kama nilikosea shingo ya kifaru. Akasema shingo ilikuwa sawa. Tukapita nyuma ya nyumba za reli, nguo za watu zikikauka, watoto wakikimbizana kati yake, na nikajiambia basi, imekwisha, sasa nimemwaibisha mbele ya kanisa zima.

Kwenye kona yetu kuna kibanda cha mboga cha Khavere, mama wa Kimaragoli mwenye sauti kubwa na mkono mwepesi. Yeye husali katika kanisa la Marafiki, ibada yao huisha mapema, kwa hiyo alikuwa ameshafungua, anakata sukuma wiki, na habari za kwetu hazikuwa zimemfikia. Alimuuliza mama habari za kanisa, habari za miguu, habari za karakana. Halafu akanielekezea kisu, bila ubaya, akaniangalia kuanzia viatu.

"Na huyu msichana, Mama Mwelu, siku hizi anafanyanga kazi gani hasa? Nilisikia ni ya mikono. Niko na mwavuli hapa umevunjika."

Nikafungua kinywa kujitetea. Mama akanitia mkoba mkononi, akaniongezea Biblia juu yake, akasogea mbele ya kibanda.

Akanyoosha mkono wake wa kushoto, akakusanya majani ya sukuma ambayo hayakuwepo, akayakunja na kuyabana ngumini. Mkono wa kulia ukashika kisu ambacho hakikuwepo. Akaanza kukata, nyembamba, haraka, macho yakiwa barabarani, kidevu kikimsalimu mpita njia mmoja, kikimsalimu mwingine, kisu kisipotee hata mara moja. Akapuliza mfuko kuufungua. Akatia mboga, akazishindilia kwa ngumi, akafunga fundo, akaning'iniza mfuko kwenye kidole kimoja kumpa mteja huku akiwa ameshamgeukia mwingine.

Khavere alikuwa ameacha kukata. Alitazama mikono ya mama, akatazama yake, akaitazama tena ya mama. Kicheko kilimjia polepole kutoka tumboni, hadi akalazimika kukiweka chini kisu.

"Ndiyo hiyo," mama akamwambia, akitweta kidogo. "Hiyo ndiyo kazi yake."

"Lakini umesahau nyongeza," Khavere akasema, akijifuta macho kwa leso. "Mimi mteja wangu huwa namwongezeanga."

Mama akafikiri. Akaufungua mfuko tena, akachota konzi nzima, akaongeza.